Nadharia ya Macho Mekundu

Ndugu msomaji, kuna neno moja ambalo sisi vijana tuliopitapita madarasani tunalipenda sana mdomoni, lakini ukituuliza maana yake tunaanza kujikuna kichwa. Neno lenyewe ni nadharia. Mtaani limeshapewa maana ya kejeli. Mtu akiongea sana bila vitendo anaambiwa, "Wewe bwana unatuletea nadharia." Chuoni nako limepewa maana ya kutisha. Ukilitamka mbele ya mwanafunzi anayeandika tasnifu, utamwona anameza mate. Mimi nilikuwa hivyo hivyo mpaka mwaka 2017, pale nadharia moja ilipotaka kumuua bibi yangu mzaa baba.

Nianze mwanzo, tusije tukapotezana.

Mwaka ule nilikuwa mwaka wa mwisho chuoni. Kwa ajili ya tasnifu nilikuwa nimechagua Rosa Mistika ya Euphrase Kezilahabi, riwaya iliyotoka mwaka 1971. Sababu zilikuwa mbili. Kwanza mwandishi ni mtu wa kwetu ziwani, mzaliwa wa Namagondo kule Ukerewe, mwaka 1944. Pili, na hapa nasema kweli tupu, kitabu nilikuwa nimeshakisoma sekondari, kwa hiyo nusu ya kazi niliiona imekwisha.

Nikaandika utangulizi, nikaandika tatizo la utafiti, nikafika sehemu inayoitwa kiunzi cha nadharia. Hapo nikakwama kama ng'ombe kwenye tope. Wenzangu wa bwenini wakanipa dawa. "Chukua Umaksi, mshkaji. Umaksi haukosei. Kila kitabu kina tajiri na maskini." Nikachukua. Nilichagua nadharia kama mtu anavyochagua shati kwenye rundo la mitumba: unalinyanyua, unalipima begani, halijatoboka, funga twende. Zakaria nikampa tabaka lake, Regina mkewe lake, Rosa lake. Yeyote aliyenisumbua nikamwita matokeo ya mfumo kandamizi. Kurasa zikajaa, roho ikatulia.

Msimamizi wangu alikuwa mama mmoja mpole asiyeinua sauti. Akanirudishia kazi yangu safi kabisa, isipokuwa pembeni mwa ukurasa wa kumi na nne alikuwa ameandika swali moja kwa kalamu nyekundu: "Ni kitu gani kikionekana ndani ya riwaya hii, wewe utakubali kwamba nadharia yako imeshindwa?"

Nikamfuata ofisini. "Shikamoo Mwalimu. Samahani, ila mimi nadhani nadharia haishindwi. Nadharia inatumika tu."

Akacheka taratibu. "Marahaba. Basi nenda likizo, uje na jibu. Ukilikosa hilo jibu, hiyo siyo nadharia, ni miwani ya jua. Kila unachokitazama kitakuwa cheusi."

Nikatoka pale nimenuna. Nikasema moyoni, wasomi bwana, wanapenda kutusumbua.

Safari ya kwetu wakati ule ilikuwa ya kivuko. Unashuka Mwanza, unakwenda kupanda kivuko cha Kamanga, unavuka ghuba, halafu gari mpaka Sengerema mjini, na sisi wa vijijini tunaendelea na bodaboda. Ndani ya kivuko nilikaa juu, upepo unanipiga, nikitazama Mwanza inavyorudi nyuma na mawe yake. Nikakumbuka somo la historia. Tarehe 3 Agosti 1858, Mwingereza John Hanning Speke alisimama juu ya kilima karibu na Mwanza, akaliona ziwa, na papo hapo akaamua kwamba hiki ndicho chanzo cha mto Nile. Siku ile hakuwa amelizunguka, wala hakuwa ameuona mto ukitoka. Mwenzake Richard Burton, aliyebaki Tabora akiugua, alimpinga vikali: umejuaje, kwa kutazama ukingo mmoja tu? Wakaandaliwa mjadala mjini Bath, Uingereza, tarehe 16 Septemba 1864. Siku moja kabla, Speke akafa kwa risasi ya bunduki yake mwenyewe akiwa mawindoni. Ugomvi ulikuja kwisha mwaka 1875, Henry Morton Stanley alipolizunguka ziwa zima kwa mashua na kukuta njia ya kutokea ni ile moja tu, ya upande wa Jinja.

Siku ile nilijiambia, Speke alikuwa na bahati. Leo nasema zaidi. Dai lake lilikuwa na mlango. Mtu mwingine angeweza kuchukua mashua, akalizunguka ziwa, akaja kusema, "Bwana, umekosea." Lile swali la kalamu nyekundu lilikuwa ndani ya kivuko pamoja nami, sema mimi nilikuwa bado silioni.

Baba mdogo alinipokea stendi ya Sengerema. Kwa kawaida yeye ni mtu wa utani mwingi. Siku hiyo alichukua begi langu bila neno, akaniambia tu, "Twende haraka. Bibi yako wamemsema."

Kwetu neno hilo halihitaji kamusi. Mtoto wa jirani, wa miezi minane, alikuwa ameharisha siku mbili akafa. Kabla ya hapo jirani huyo huyo alikuwa amepoteza ng'ombe wawili. Baba wa mtoto akaenda kwa mpiga ramli, akarudi na jibu: aliyefanya haya ni mwanamke mzee, anakaa upande jua linakozama, na macho yake ni mekundu. Upande ule anakaa mzee mmoja tu. Usiku wa kwanza mawe yakatupwa juu ya bati. Usiku wa pili barua isiyo na jina ikasukumwa chini ya mlango. Ilikuwa na neno moja: HAMA.

Kijiji chetu sitakitaja. Waliohusika wapo, na watoto wao wanasoma.

Bibi nilimkuta jikoni anapuliza moto. Jiko la mafiga matatu, nyumba ndogo ya udongo isiyo na dirisha, kuni za kuokoteza na mavi makavu ya ng'ombe, moshi umetanda mpaka huoni sufuria. Akageuka. Macho yalikuwa mekundu kweli, yanachuruzika machozi, kope zimejikunja kwa ndani. "Mume wangu umekuja?" akasema, kama anavyoniita tangu utotoni. "Njoo ule, hata wakiniua leo usije ukasema nilikuacha na njaa." Halafu akacheka. Mimi nilishindwa kucheka.

Usiku ule tulilinda, mimi na baba mdogo, tumekaa nje na tochi na fimbo. Nikaanza kutoa maneno yangu ya chuoni: watu hawa ni washamba, ni ushirikina, ni ujinga, ndio maana hatuendelei. Baba mdogo akanisikiliza mpaka nikachoka. Akasema, "Na hiyo yako pia ni ramli. Wakifanya hivi, ni washamba. Wasipofanya, ni washamba walioogopa polisi. Hakuna wanachoweza kufanya ukasema ulikosea."

Looh! Yeye kaishia darasa la saba. Mwalimu wangu ana shahada ya uzamivu. Maneno yalikuwa yale yale.

Ili tusisinzie akaanza kunisimulia habari za ziwa. Yeye alianza kuvua akiwa kijana, katikati ya miaka ya 1980, katika ghuba hii hii ya Mwanza. Anasema alipokuwa mtoto, furu walikuwa chakula cha kila mtu, samaki wadogo wa kila rangi, unawavuta bila hesabu. Halafu ghafla wavu ukawa unaleta sangara mtupu. Sangara, kama unavyojua, alipandikizwa ziwani upande wa juu, miaka ya 1950 na mwanzoni mwa 1960. Akakaa kimya miaka, halafu akalipuka. Wavuvi kila mmoja akawa na maelezo yake. Mmoja alisema ni adhabu ya Mungu, mwingine alisema wazungu wamemwaga dawa, mwingine sangara kawala wote. "Lakini," akasema baba mdogo, "wavu wa inchi saba hauleti dagaa. Ukisema ziwa halina dagaa kwa sababu wavu wako haujaleta, wewe si mvuvi. Kwanza tazama tundu la wavu wako, ndipo useme ziwa lina nini."

Baadaye nilikuja kusoma kwamba mwanafizikia wa Uingereza, Arthur Eddington, alitumia mfano wa wavu wa aina hiyo hiyo katika kitabu chake cha mwaka 1939. Baba mdogo hajawahi kumsikia. Nadhani wote wawili waliujua wavu.

Niliporudi chuoni nilizama maktaba nikatafuta habari za furu hao, na hapo ndipo nilipoanza kuelewa jinsi watu wa fani mbalimbali wanavyojenga nadharia juu ya maji yale yale. Mwaka 1977 kikundi cha watafiti kutoka Chuo Kikuu cha Leiden, Uholanzi, kilianza kazi Mwanza kuwachunguza furu wa ghuba. Walikuja kuhesabu aina na kuona kila moja inakula nini. Ziwa zima lilikuwa na zaidi ya aina 500. Wakiwa bado wanahesabu, samaki wakaanza kupotea mikononi mwao. Inakadiriwa aina 200 hivi zilitoweka. Nadharia ya kwanza ikawa ile ya wazi: sangara kawala. Ushahidi ulikuwepo, maana furu walikuwa wanakutwa tumboni mwa sangara, na kila sangara alipoongezeka wao walipungua.

Lakini haikutosha. Mtafiti mwingine, Ole Seehausen, pamoja na wenzake, wakaangalia mwanga ndani ya maji. Kuna furu mmoja ambaye dume lake lina mgongo mwekundu. Jina lake la kisayansi ni Pundamilia nyererei, alipewa kwa heshima ya Mwalimu Julius Nyerere. Ndugu yake wa karibu ana dume la rangi ya samawati. Jike humchagua dume kwa rangi. Maji yakiwa safi, kila jike anampata wa kwao. Maji yakichafuka kwa tope na mwani kutokana na mashamba na miji, jike haoni vizuri, wanachanganyika, na aina mbili zinageuka moja. Wakajaribu kwenye matangi, wakabadilisha mwanga, majike yakaanza kukosea. Matokeo wakayatoa mwaka 1997. Kumbe aina ya samaki inaweza kupotea bila kuliwa hata mmoja, kwa sababu tu macho yameshindwa kuona!

Hapo bado wanajiolojia hawajaingia. Mwaka 1996 walitangaza kwamba, kwa kupima matope ya chini, waligundua ziwa letu lote liliwahi kukauka likawa nchi kavu, likajaa tena miaka 15,000 hivi iliyopita. Habari hii iliwavuruga wanabiolojia. Aina zaidi ya 500 katika muda mfupi kiasi hicho? Wangeweza kusema, "Hilo ni la mawe, sisi halituhusu." Hawakusema. Wengine walihoji kama kweli lilikauka lote, wengine wakatafuta njia nyingine. Mwaka 2017, mwaka ule ule wa mkasa wangu, wataalamu wa vinasaba wakaeleza kwamba mababu wa furu hawa walitokana na kuchanganyika kwa koo mbili za kale, moja ya upande wa Kongo na nyingine ya upande wa Nile. Ule mchanganyiko uliwapa akiba kubwa ya tofauti, ndiyo maana waliweza kugawanyika haraka.

Nataka uone wanavyofanya kazi, msomaji. Mmoja wavu wake ni tumbo la samaki, mwingine ni mwanga, mwingine tope, mwingine damu. Kila mmoja anapata kile ambacho tundu la wavu wake linaruhusu. Lakini kila mmoja ameacha mlango: ukinionyesha hiki, nitabadilika. Na mwenzake wa fani nyingine akipita mlango huo na habari mbaya, anakaribishwa, hata kama kwa kununa.

Sasa turudi kijijini, maana bibi bado yuko ndani na mawe yapo nje.

Asubuhi nilikuwa na wazo. Nadharia ya mpiga ramli inasema macho mekundu ni dalili ya uchawi. Mimi nina nadharia nyingine: macho mekundu ni moshi. Basi tuhesabu! Nikachukua daftari, jioni wakati wa kupika nikapita jikoni kwa watu, nyumba hadi nyumba, nikisalimia na kutazama macho. Majiko kumi na tisa. Wanawake kumi na wanne walikuwa na macho mekundu, wa mwisho kwa umri alikuwa binti wa miaka kumi na saba. Nilimpeleka na bibi zahanati. Tabibu akamgeuza kope, akasema ana ugonjwa wa vikope, trakoma, na moshi umeongezea. Akaandika kwenye karatasi, akagonga muhuri. Nikarudi natembea kama mwanasheria aliyeshinda kesi.

Mwenyekiti wa kitongoji alikuwa ameitisha kikao chini ya mwembe. Nikasimama, nikasoma hesabu yangu, nikaonyesha muhuri. Nikamaliza kwa kusema, "Kwa hiyo, wazee wangu, kama macho mekundu ni uchawi, basi kijiji kizima ni wachawi."

Kimya. Halafu mtu mmoja, kaka wa yule jirani aliyefiwa, akasema polepole, "Kumbe ni wengi kuliko tulivyodhani."

Wapo waliocheka. Wengi hawakucheka. Na mimi jasho lilinitoka, kwa sababu niliona mabinti watatu niliowaandika daftarini wakitazamana. Kwa muda wa dakika moja nilikuwa nimeichukua hatari iliyokuwa juu ya bibi yangu nikawagawia wanawake kumi na watatu wengine. Hesabu yangu ilikuwa sahihi. Ile nadharia iliimeza kama sangara anavyomeza furu, ikanenepa.

Baba mdogo akasimama. Hakuwa na karatasi. Akamgeukia yule kaka mtu akauliza, "Ndugu yangu, tuambie leo mbele ya watu. Bibi huyu afanye nini, au tuone kitu gani, ili wewe useme: huyu si mchawi?"

Akajibu, "Akiri."

"Akikiri ni mchawi. Asipokiri?"

"Mchawi hakiri."

Watu wakaguna. Mguno ule nausikia mpaka leo. Nadhani ni hapo ambapo baadhi yao waliona kwamba nyumba hii haina mlango, ukiingia umeingia.

Lakini aliyebadilisha kikao ni baba wa marehemu mwenyewe. Muda wote alikuwa kimya. Akasema, bila kumtazama mtu, "Tabibu kaniambia mtoto alikauka maji. Nimeelewa. Mimi nauliza, kwa nini wangu? Wengine wanaharisha wanapona."

Hapakuwa na mtu wa kumjibu. Mimi hata daftari sikufungua. Kuna kitabu cha mwaka 1937 cha mwanaanthropolojia Evans-Pritchard, kinachowahusu Wazande wa Sudan ya Kusini. Ghala linawaangukia watu waliokaa kivulini. Kila mtu anajua mchwa wamekula nguzo. Mchwa wanaeleza ghala limeangukaje. Hawaelezi kwa nini limeanguka wakati ule, juu ya watu wale. Hilo pengo la pili ndilo uchawi unalijaza. Karatasi yangu yenye muhuri ilikuwa inajibu swali ambalo mzazi yule hakuuliza. Yeye alikuwa analia, na mimi namletea hesabu.

Bibi akainuka. Akatembea taratibu mpaka alipokaa yule baba, akakaa chini kando yake. "Mwanangu," akasema, "mimi nimezika watano. Nami niliuliza hivyo hivyo. Mimi sikuja kukulilia msiba kwa sababu ya mambo ya lile jaruba. Hilo ndilo kosa langu."

Hapo ndipo jaruba likaingia kikaoni. Kumbe mpaka kati ya shamba la bibi na la jirani ulikuwa na ugomvi wa zamani. Minyaa ya mpakani ilikuwa imeng'olewa. Mvua za mwisho wa 2016 zilikuwa zimesuasua, mpunga umekauka, na kipande kile cha bondeni ndicho pekee kilichobaki na unyevu. Aliyekuwa anakitaka zaidi si baba wa marehemu. Ni yule kaka yake aliyesema wachawi ni wengi. Wazee wakatazamana. Mmoja akakohoa.

Miaka baadaye nilisoma utafiti wa mchumi Edward Miguel, uliochapishwa mwaka 2005, alioufanya Meatu, wilaya ambayo sasa iko mkoa wa Simiyu. Aligundua kwamba katika miaka ya mvua mbaya, iwe ukame au mafuriko, mauaji ya vikongwe kwa tuhuma za uchawi yaliongezeka takriban mara mbili ya miaka ya kawaida, wakati mauaji mengine hayakuongezeka. Mchumi huyo hakuuliza kama watu wanaamini uchawi. Wanaamini mwaka wa mvua nzuri na mwaka wa mvua mbaya. Aliuliza kwa nini wanaua mwaka huu na si mwaka jana. Nikaona jaruba letu limo mle mle. Lakini utafiti wake peke yake usingeniambia kuhusu msiba ambao bibi hakuhudhuria. Wavu wake ulikuwa wa kuvua mvua na njaa, na alivua.

Kikao kiliisha kwa wazee kupima upya mpaka na kupanda minyaa mipya. Baba wa marehemu akasema hana neno tena na bibi. Kaka yake hakusema kitu. Akaondoka kabla ya maombi.

Ningependa kukuambia kwamba baada ya hapo mambo yalikuwa mazuri. Hayakuwa. Wiki moja baadaye mawe yalirudi. Tulimhamishia bibi Sengerema mjini kwa shangazi, kwenye chumba chenye jiko la mkaa barazani. Macho yalitibiwa, wekundu ukapungua, ila kuona hakukurudi sawasawa. Nyumba yake ya kijijini ilianguka msimu uliofuata. Alifariki mwaka 2021, kitandani kwake, akiwa ameshikwa mkono. Kwa bibi wa kijiji kile, kufa kitandani lilikuwa jambo la kushukuru, na naona aibu kuandika sentensi hiyo.

Chuoni nilirudi na jibu. Nilimwambia Mwalimu, "Umaksi wangu ungeshindwa kama ningemkuta mtu wa tabaka lile lile, mwenye shida zile zile, anayefanya uamuzi tofauti." Akasema, "Na yumo?" Nikasema, "Wamejaa. Niliwaruka." Nikaandika upya. Niliuacha Umaksi ufanye kazi pale unapoweza, na pale ulipovuja nikaandika kwamba hapa unavuja. Nilisoma pia kwamba Kezilahabi mwenyewe aliandika tasnifu yake ya uzamivu kule Wisconsin, Marekani, mwaka 1985, juu ya falsafa ya Kiafrika na tatizo la kufasiri fasihi. Mwandishi niliyekuwa namvalisha shati la mtumba alikuwa ameshalifikiria shati hilo kabla sijazaliwa! Nilipata B. Wa bwenini waliokwenda na Umaksi usiokosea wengine walipata A. Ndivyo ilivyo.

Vijana wenzangu mnaoandika, neno nadharia limetokana na Kiarabu, na mzizi wake ni kutazama. Wanaojua Kigiriki wanasema hata lile la kwao lilikuwa na maana hiyo hiyo. Basi ukipewa nadharia, iwe ya mhakiki, ya mchumi, ya mwanasiasa au ya kijiweni, usiulize kwanza kama ni ya kisasa au ya kizamani, ya kwetu au ya wazungu. Uliza inatazama nini, tundu lake likoje, na mlango wa kutokea uko wapi. Uliza pia ikikosea ataumia nani.

Juni 2025 lilifunguliwa daraja la Kigongo–Busisi, kilomita 3 juu ya ghuba. Siku hizi naweza kuvuka kwa gari kwa dakika chache pale ambapo foleni ya kivuko iliwahi kula nusu siku ya mtu. Nilipovuka mara ya kwanza nilifungua dirisha nikawaza watu waliopiga hesabu za nguzo zile. Hesabu zao zikikosea, daraja linaanguka mchana kweupe na dunia nzima inajua. Ramli ilipokosea kwetu, aliyeanguka ni kikongwe mmoja usiku, na mpiga ramli aliendelea kupokea wateja.

Chini ya daraja kulikuwa na mitumbwi, na maji yalikuwa na rangi ya kijani iliyokoza. Nikamkumbuka yule furu wa Mwalimu Nyerere na mgongo wake mwekundu, jike lake likimtafuta katika giza hilo. Daftari la majiko kumi na tisa ninalo mpaka leo. Majina ya wale wanawake nimeyafuta kwa wino mweusi. Nimebakiza jina moja tu, la bibi, na mbele yake niliandika jioni ile kwa haraka: macho mekundu, sababu moshi.